Nimekishitaki Kimya

Lava ilishuka Nyiragongo usiku mmoja.
Kabla ya kucha ilikwisha kumeza jiko, choo,
mparachichi wa mama mkwe.
Ikapoa. Tukaipasua kwa nyundo, tukaipanga mawe.
Faili langu lina kurasa sita.
Halijashuka ngazi moja.

Nililipeleka dirisha la tatu, mwezi wa pili,
ramani kachora fundi Tsongo kwa wino wa buluu:
vyumba vitatu, baraza, shimo la maji machafu.
Wakanipa risiti yenye muhuri wa duara.
"Kyakimwa, rudi Jumanne."
Jumanne mkubwa yuko Kinshasa.
Jumanne iliyofuata hakuna umeme.
Jumanne ya tisa karani alinicheka kwa upole:
"Mama, hatujakukatalia."

Kweli, hawakunikatalia.
Aliyekataliwa hulia, akamaliza.
Mimi saruji yangu, mifuko kumi na minne,
ilianza kuwa mawe ndani ya karatasi zake,
ikijijengea yenyewe bila kibali.

Wakili Bauma ana ofisi juu ya duka la betri.
Alitazama risiti, ramani hakuigusa.
Akahesabu miezi kwa vidole, akarudia.
"Kimya nacho kina umri," alisema.
"Kikipita siku zake, sheria hukiita hapana.
Na hapana ina mlango wake mahakamani."

Sikuelewa. Tangu utoto naambiwa
kimya kingi kina mshindo;
hakuna aliyeniambia kina anwani,
kwamba huitwa shaurini kama mdaiwa yeyote,
kikapelekewa barua, kikatia sahihi.

Siku ya kesi nilivaa kitenge cha msiba,
kingine kilichopigwa pasi sikuwa nacho.
Jaji, miwani kwenye ncha ya pua:
"Ombi lake mlilipokea?"
"Tulilipokea, mheshimiwa. Tunalisoma."
"Kurasa sita," alisema jaji. "Miezi kumi na sita."
Mtu wa manispaa akatazama viatu vyake.
Vilikuwa na vumbi jeusi, kama vyangu.

Nilidhani atanipa nyumba.
Hakunipa. Alisema si kazi yake kuchora kuta,
kazi yake ni kuwatoa neno kinywani.
Wajibu ndani ya siku thelathini,
kwa maandishi, na sababu waitaje.
Kila siku ya ziada, faini.

Jibu lilikuja siku ya ishirini na tisa, jioni,
kwa pikipiki, bahasha imelowa pembeni.
Ukuta wa mbele umeisogelea mno barabara.
Rudisha nyuma mita mbili, ndipo tutasaini.

Tsongo alitukana. Chumba kimoja kimekwenda.
Mimi niliyasoma mara tatu
yale maneno, mita mbili,
kitu chenye mwanzo na mwisho,
nikamwambia alete kamba.