Kimo, Hakimo

Uskoti kuna baridi, ya Julai yaumiza,
Mungo Rae kafaidi, siku tatu kaongoza,
Siku ya nne, shadidi, mikono inateleza,
Kaiangalia fimbo, kwa woga kafunga domo.

Akakisukuma pole, kikaenda kikijua,
Kikafika pale pale, mdomoni kikatua,
Umati ukawa mwele, bila hata kupumua,
Kinachungulia chini: je, kimo au hakimo?

Sheria: sekunde kumi, kisha uende, yatosha.
Mungo katoa ulimi, kofia akaishusha:
"Shuka, kipenzi, sihami, madeni yananitisha!"
Sekunde arobaini... kikatumbukia humo!

Akarukaruka Senga, mpagazi wa sulubu,
Refa Rona akapinga, akafunua kitabu:
"Pigo moja nakutwanga, kukesha bila sababu!"
Kwa macho ya watu, kimo; kwa kitabu, ng'o! hakimo.

"Nilifunga zangu nyuzi," Mungo huku akisita.
Runinga, kama mjuzi, picha ikazikokota:
Viatu vile, azizi, kamba hazijavipita!
Uongo hauna kamba, hukuacha kwenye shimo.

Usiku huo baani, walevi waligawika,
Kasisi, mtu wa dini, kinyozi akamfoka:
"Upepo mali ya nani? Si Mola aliuweka?"
"Mungo si Mungu, kasisi! Kunywa, ufunge mdomo."

Kombe kapewa Mswidi, aliyekwisha kulala,
Kaitwa na hodi hodi, kaja miguuni ndala.
Nililipa kwa nakidi, mvua tu nikaila,
Hadi leo naamka: je, kimo au hakimo?