Picha Mbili za Pasipoti

Fomu ililetwa saa nane na robo,
imekunjwa mara nne, chembe za chumvi katika mikunjo.
Jina la mgombea: Time Kombo Asaa.
Nafasi: mwenyekiti.
Pahala pa saini, dole gumba la zambarau,
halikutetemeka,
wino umeingia hadi ndani ya kovu la jembe.

Nikaisoma kama nisomavyo zote,
kidole juu ya mstari.
Mwanachama kwa miaka miwili au zaidi: kumi na tisa.
Hisa zimelipwa: zimelipwa, tena kabla ya zangu.
Si mwajiriwa wa chama. Hadaiwi.
Hajapata kuhukumiwa kwa wizi wala udanganyifu
(nani hapa Gando angethubutu hata kuuliza).
Picha mbili za pasipoti: amevaa buibui la Idi,
anaitazama kamera kama anayekagua maji ya jaruba,
yameiva au bado.

Mpendekezaji mmoja. Wadhamini watatu,
kila mmoja awe mwanachama asiye na deni.
Wa kwanza Mchanga Faki, safi.
Wa pili Ngwali Sheha, safi.
Wa tatu,
saini yenye mkia mrefu kama wa taa.
Naijua. Imo katika cheti changu cha ndoa.

Sikuwa na haja ya kufungua daftari.
Ni mimi niliyeandika, mwezi wa Rajabu, kwa mkono huu:
Hamad Shaame, magunia matupu sitini,
elfu kumi na nane, atalipa.
Na kifungu hicho cha wadhamini pia ni mwandiko wangu,
tangu mwaka ule Bwana Khatib alipojipendekeza mwenyewe
akadhaminiwa na wanawe wawili na marehemu mmoja.
Tulicheka mpaka tukashika mbavu. Kisha tukatunga sheria.
Mkono wa kwanza kuinuka ulikuwa wa Bi Time.

Wajumbe wenzangu wa kamati walikuwa nje, wanakula mihogo.
Daftari nililikalia.
Asingeuliza mtu.

Nikapiga simu.
"Hamad, unadaiwa."
"Na nani?"
"Na chama."
"Leo?"
"Kabla ya saa kumi."
Nikasikia koleo likianguka.
"Si uandike tu nimelipa, nitakuletea usiku?"
Nikakata,
maana jibu lilikuwa karibu mno na ulimi.

Saa tisa. Saa tisa na nusu.
Watu wameshatoka kusali, viatu vinaburura barazani.
Saa ya ofisini hukimbia dakika tano, kila mtu anajua,
na hizo tano nikampa.
Kisha nikaandika tarehe,
nikaupulizia muhuri pumzi, nikagonga.

Dakika kumi na sita baadaye baiskeli ilitupwa ukutani.
Hamad, jasho, noti zimelowana:
elfu kumi na saba na mia tano.
"Mia tano anakuja nayo mtoto, yuko njiani."

Imekataliwa. Sababu: mdhamini wa tatu.
Jina la mume wangu nililiandika kwa herufi kubwa,
kama fomu inavyotaka.

Bi Time alisimama mlangoni, mikono myeupe hadi viwikoni.
Nikamsomea haki yake: rufaa, kwa Mrajisi,
kwa maandishi, ndani ya siku saba.
"Siku saba? Maji yangu yatakuwa mawe."
Hakugomba. Alinyoosha kiganja.
"Basi nipe picha zangu. Nimezilipia elfu mbili, Wete."

Nikamwambia fomu na viambatisho vyake
haviondoki jaladani.
Akacheka kidogo, kwa puani.
"Hicho nacho umekiandika wewe?"

Sikukumbuka. Mpaka leo sikumbuki.
Nilikuwa bado naitafuta sura yake nyingine,
ile isiyokuwa kwenye picha,
mtoto akaingia anahema,
sarafu ya mia tano imemganda kiganjani,
anauliza ampe nani.