Kiti Kilicholia

Ukisikiliza vizuri, baada ya ubeti wa pili,
kabla ngoma haijarudi,
kuna kitu kinalia: kwii.
Wajuzi wa santuri wamebishana sana.
Mmoja kasema ni bawaba ya mlango,
mwingine, fidla iliyokosea.
Ni kiti.
Nilikuwa nimekikalia mimi.

Gary, Indiana, Februari ya mwaka sitini na mbili.
Theluji imekuwa nyeusi kwa masizi ya kiwanda cha chuma,
na studio yenyewe ni gereji
nyuma ya duka la viatu la Bwana Thurlow.
Ukutani kapigilia magodoro makuukuu
na trei za mayai, sauti isitoroke.
Mpiga besi hakuvua koti.
Wapiga makofi tulikuwa watatu,
ujira wetu dola moja kwa kila kiganja.

Verlene Tubbs alichelewa.
Alitoka kazini, kwenye kufua na kupiga pasi,
mikono imevimba kwa mvuke,
vidole vinanuka wanga wa mashuka ya hoteli.
Hakusalimu mtu. Alivua viatu, akaitazama maikrofoni
kama mtu anayetazama mbwa wa jirani,
kisha akaimba.

Nitasemaje?
Sauti tamu zilijaa kila kanisa
toka reli mpaka ziwani. Hii haikuwa tamu.
Ilikuwa na kutu pembezoni,
kama sufuria iliyopikia wengi.
*Taa nimeiacha, rudi uizime,*
na lile neno *rudi* akalivuta, akalikung'uta,
akalikunja pembe kwa pembe kama shuka,
halafu akaliacha hewani, halijakwisha.

Nikainuka bila kujua. Kiti kikalia.
Thurlow akanikodolea macho. "Turudie!"
Verlene alishaanza kufunga kamba za viatu.
"Sirudii," akasema. "Kilichotoka kimetoka."

Wiki sita redio za Chicago zilimtaja kwa jina.
Binti wa kwanza wa mtaa wetu kuzunguka
mara arobaini na tano kwa dakika!
Kondakta wa basi alimpigia mluzi wimbo wake mwenyewe
na bado akamdai nauli.
Santuri ikapanda hadi namba thelathini na nane,
ikachungulia huko juu,
ikashuka.
Wakaja wengine, magauni yanametameta,
fidla kumi nyuma yao.
Jumatatu moja nikamkuta amerudi penye pasi.
Na fedha?
"Thurlow anapiga hesabu."
Thurlow alizikwa angali anapiga hesabu.

Kuimba kupokezana, ndivyo isemwavyo.
Basi yeye, alipofika mwisho wa pumzi,
nani alimpokea?
Sisi tulipiga makofi tu,
tukalipwa, tukaenda kula.

Jana nilikuwa dukani,
kati ya mikebe ya maharagwe na rafu ya sabuni,
mkongojo mkononi,
mara akaanza kuimba darini, kwenye spika,
juu ya vichwa vya watu wanaotafuta chumvi.
Kijana wa kupanga bidhaa alitikisa bega kidogo.
Hakujua ni nani. Sikumwambia.
Nikasimama. Ubeti wa kwanza.
Wa pili.
Nikangoja.

*Kwii.*

Miaka sitini, na magoti haya mabovu
bado yakataka kuinuka.
"Bibi," kijana akauliza, "unatafuta kitu?"
"Kiti," nikamjibu.
Akaenda mbio kuniletea.