Jiwe la Chumvi

Mimi ndiye niliyeliweka pale, Dulcie.
Sitamsingizia Haddow, wala ukame.
Palikuwa na kivuli, palikuwa karibu na njia ya gari,
nami nilikuwa na matofali ishirini ya chumvi nyuma ya pikapu
na jua la Novemba kisogoni.

Ng'ombe wakaja. Ng'ombe hawana hatia:
mwenye kuwashwa hutafuta pa kujikuna.
Mia mbili na arobaini, msimu mzima,
wakiramba, wakijisugua,
mpaka vumbi la kwato likapanda ukutani
likakaa juu ya wekundu kama ngozi ya pili.

Ulipofika ulisimama mbali kwanza,
ukaita kwa lugha ya mama yako,
ukawaambia wenyewe tumekuja, na mimi ni nani.
Sikujua kama jina langu linatamkika humo.
Kisha ukaingia, ukahesabu viganja.
Kumi na tisa, ulisema.
Bibi alinihesabia ishirini na tatu.
Hukunitazama. Ulibandua singa moja ya ng'ombe
iliyonasa kwenye kidole cha mtu
aliyepuliza ngeu ile kwa kinywa chake
kabla ng'ombe wa kwanza hajashushwa melini.

Nikasema: nitazungusha seng'enge, nyaya nne, Jumatatu.
Ukasema: na goti langu hili nitalipitishia wapi?

Nzi tu.

Aliyeishi sana husemwa amekula chumvi nyingi.
Hawa walikuwa wameishi bila ya dukani;
nikawaletea mimi, kwa msimu mmoja,
wakaliwa wanne.

Basi tukahamisha. Chumvi, birika, bomba,
kilomita sita hadi uwandani kwenye pampu.
Haddow alilia dizeli wiki mbili
halafu akaja mwenyewe na koleo, hakusema kitu,
akachimba mtaro mpaka magharibi.

Mvua mbili zimepita. Nyasi zimefunika kwato.
Wanne hawajarudi, hawatarudi.

Lakini yuko jike mmoja mzee, pembe imepinda,
bado anakuja peke yake
kuramba udongo lilipokuwa jiwe.
Ardhi haijamaliza kuonja nilichofanya.

Kila Ijumaa naenda kumswaga.
Nazima injini kwenye kijito.
Nasimama mbali kwanza,
nataja jina langu, linagonga mwamba,
nangoja,
halafu ndipo nainua mguu.