Bei ya Kupiga Magoti

Kalenda ya duka la dawa, ya mwaka uliokwisha,
ingali juu ya ndoo zangu hapa sokoni Jamaica.
Miezi nimeichana yote, nimebakiza picha:
mwanamke kapiga magoti, uso kauinamisha,
na mbele yake tenga la mayungiyungi meupe
pana kama mlango wa kanisa.

Wateja huuliza, huyu nani?
Nasema, bibi yangu.
Hucheka, hununua dalia, huenda zao.

Lakini ni yeye. Eufrasia Xolalpa, wa mifereji ya Xochimilco,
aliyekata maua saa tisa za usiku
kwa mundu ulioliwa na kutu ukawa mwembamba kama kucha,
akayafunga kwa nyasi, akayalaza mtumbwini kama watoto wenye homa,
akasukuma upondo, matope yakibusu na kuachia,
mpaka jiji likapiga miayo.

Mchoraji alimkuta kwenye ngazi za soko.
Alikuwa na viatu vya ngozi na huruma kwa maskini,
vyote viwili vipya.
Akasema: Peso mbili, ukae hivyo hivyo.
Hivyo hivyo vipi?
Ulivyo. Usiniangalie.

Bibi hakuwa anasali.
Alikuwa anatafuta senti
iliyotumbukia kwenye ufa wa mawe.

Siku tatu aliitafuta senti ile ile
kwa ajili ya sanaa.

Jua likapanda. Yungiyungi halilalamiki kiu,
hulegeza shingo tu.
Akaomba ruhusa ayanyunyizie maji.
Bado mwanga, akajibiwa, bado kidogo.
Jioni yalikuwa rangi ya chai ya maziwa,
na kwenye turubai meupe, meupe, yanang'aa kwa umande
ambao asubuhi ile haukuwapo.
Hapo, alisema bibi, nikajua nani kati yetu ndiye muuza maua.

Tazama nyuma ya tenga. Kuna miguu.
Miguu miwili ya mwanamume asiye na kiwiliwili.
Wasomi wameiandikia kurasa:
ni mume, ni mzigo, ni taifa zima limesimama.
Ni Hilario, mdogo wake bibi,
aliyeambiwa alishike tenga lisianguke.
Yeye hakulipwa kitu.

(Na ua lenyewe ni mgeni. Mwalimu wa binti yangu asema
lilitoka kusini mwa Afrika, huko huota mitaroni
na hakuna anayelipigia magoti.
Nilimwambia mwalimu: basi limefanikiwa kuliko sisi.)

Mwaka juzi nilifunga kibanda siku nzima
nikaenda makumbusho kuiona picha yenyewe.
Nilidhani nitalia. Nilihesabu.
Mashina tisini na mawili, kwa bei ya leo si haba.
Mikono yake ameikuza, mikubwa kama koleo;
bibi alikuwa na mikono midogo, ya kuingia kwenye mtungi.
Bega, pale kamba ilipokata, hakuna kovu.

Nikasogea. Nikasogea tena.
Na pale, kati ya jiwe na jiwe, chini kabisa,
mahali ambapo kalenda ina wino mweusi tu,
kidoa cha fedha. Mguso mmoja wa brashi,
mdogo kuliko punje ya ufuta.

Aliiona.
Siku zote tatu aliiona,
akachanganya rangi, akaipaka mahali pake,
wala hakufungua kinywa.
Au pengine aliona mwanga tu, hakuona senti.
Nimelala na swali hilo mara nyingi, halichoki.

Nilinyoosha kidole. Ukucha wangu una matope ya miaka,
ungeingia ufa ule bila shida.
Mama, mlinzi akasema, rudi nyuma ya mstari.

Nikarudi. Basi mbili, na kipande kwa miguu.
Ndoo zilikuwa zanuka maji ya jana.

Yungiyungi leo ni peso kumi na tano kwa shina.
Ukitaka kunipiga picha, kijana,
nunua kwanza.
Na simu yako ukishaiweka mfukoni,
niambie kama umeona kitu chochote
hapa chini, kwenye mawe.