Asili Tofauti

Stima imekatika Mlaleo tangu magharibi.
Shee ameweka daftari juu ya gunia la mchele,
karibu na jiko, apate mwanga wa makaa.
"Mama, ni namba gani
ukiitoa kwenye robo tatu
hubaki thuluthi mbili?"
Nakoroga unga. Namwambia, jaribu.

Tatu toa mbili, moja.
Nne toa tatu, moja.
Moja juu ya moja: nzima!
Anatabasamu kama aliyeokota shilingi.

Nzima, Shee?
Ukitoa mkate mzima kwenye robo tatu ya mkate
mteja atakula nini, sinia?

Nafunua mkate wa asubuhi, nachukua kisu.
"Hizi za chini Mwalimu Chengo aziitaje?"
"Asili. Asema asili zikiwa tofauti hazitoani,
mpaka utafute kigawe cha shirika."

Asili.
Mimi wa Faza, babake wa Wundanyi,
miaka kumi na mmoja tukitoana juu kwa juu,
chini kwa chini,
wala hakuna aliyetafuta cha shirika.

"Haya, nne na tatu zakutana wapi?"
Midomo yamcheza:
nne, nane, kumi na mbili;
tatu, sita, tisa, kumi na mbili.
"Hapo!"

Nakata vipande kumi na viwili, vyembamba.
Robo tatu ni tisa. Thuluthi mbili ni nane.
"Kimoja tu?" asema, kana kwamba amepunjwa.
Kimoja, chenye zabibu moja,
ungeweza kukipenyeza chini ya mlango.

Mwezi wa Rajabu, alipobeba begi lake na redio,
niliketi papa hapa, kwenye mbuzi hii ya kukunia,
nikapiga hesabu yangu gizani
nikapata kama alivyopata Shee: kaondoka na nzima.
Lakini nyumba hii, nikisema kweli,
hata naye ndani ilikuwa robo tatu.
Na leo nina sinia tatu, wateja wa alfajiri,
deni la Kongowea limebaki la wiki mbili,
na huyu hapa, na midomo yake.

"Niandike moja juu ya kumi na mbili?"
Andika.
Anaandika, anafuta, anaandika tena,
na mkono wa kushoto umeshalitia jibu kinywani,
zabibu na yote,
kabla sijamwambia ahakiki.