Marudio, Saa Tatu Usiku

Mechi iliisha saa kumi na moja jioni, Morogoro.
Walioshinda wameshaoga, wameshakula,
walioshindwa wameshachoka kulia.
Kwangu mimi, lindoni Chang'ombe, kwenye godauni la saruji,
filimbi ya kwanza bado haijalia.

Simu nimeizima tangu adhuhuri,
asije mtu akanipa matokeo kama anayenipa pole.
Muuza kahawa nimemwambia mapema:
"Leo nimiminie tu, habari kaa nazo."
Betri nimezianika kutwa nzima juu ya bati la choo,
redio nimeifunga kwa mpira wa baiskeli
maana utumbo wake umeshatoka nje mara mbili.

Kampuni hairuhusu redio.
Kwa hiyo naisikiliza kama mtu anavyousikiliza ukuta
majirani wanapogombana:
sikio limebanwa, pumzi nusu.

"Uuguzi dhidi ya Ufundi, mpira wa pete, fainali ya vyuo!"
Mtangazaji ni kijana, anakimbia kuliko wachezaji.
Jina la mfungaji analivuta kama ubani:
Prisila Kandonga! Prisilaaa!
Jina la anayempasia analijua,
la kocha analijua, na la baba wa kocha.
La binti yangu, Salha Mtulia,
robo nzima ya kwanza sijalisikia.

Nikafikiri kaumia.
Nikafikiri wamemweka benchi, koti begani.
Robo ya pili nikaanza kumkasirikia
kwa ajili ya pesa niliyokopa ya raba zake.

Mpaka nikajifunza kusikiliza upande wa pili.
"Ufundi wanapanda... wanarusha... wamekosa."
Nani kawakosesha? Hasemi.
"Wanarusha tena... loo, umegonga chuma!"
Nani kanyoosha mikono, futi tatu kutoka kwa mrushaji,
mpaka pete ikawa tundu la sindano?
Hasemi.
Basi nikajua: yule pale.
Kila "wamekosa" ni yeye.
Kile kimya kidogo kabla ya "wamekosa" ni yeye,
kasimama juu ya vidole vya miguu
kama alivyokuwa akichungulia chungu cha mama yake
asijue namwona.

Kazi hii naijua.
Miaka kumi na tisa nalinda lango hili,
bosi halijui jina langu la pili.
Jina la mlinzi hutajwa siku ya wizi.

Robo ya nne. Thelathini na moja kwa thelathini na moja.
Mbu nimewasamehe.
"Sekunde zinayoyoma, mpira ni wa Ufundi,
unakwenda juu, unakwenda... Mlinzi!
Mlinzi kaudaka! Mlinzi!"

Nikaitika: "Naam!"

Kwa sauti. Nimesimama wima, rungu mkononi,
na mwanga wa tochi umenijaa usoni.
Ni supavaiza Kilapilo, pikipiki kaizimia konani
ili atufume.
"Unaongea na nani?"
Redio nimeshaikalia. Chini yangu, kwa mbali,
uwanja mzima unapiga kelele,
na sijui ni wa upande gani.

Akakagua kufuli. Akakagua uzio.
Akanisimulia goti lake, lilivyoanza, lilivyohamia kiunoni,
dawa aliyopewa Mbagala, na shemeji aliyempa.
Alipoondoka nilikuta matangazo ya vifo.

Simu iko mfukoni. Ningeweza kuiwasha.
Kwanza nikafungua kitabu cha matukio,
kalamu nikaijaribu kiganjani,
nikaandika kwa mwandiko wangu wa darasa la saba:

Saa nne na nusu usiku. Mlinzi yupo.
Hakuna kilichopita.